Kabla hamjasema "tuifilisi kampuni": kwa wauza mbao, viazi na parachichi wa Nyanda za Juu Kusini

Kampuni iliyochukua parachichi Rungwe au mbao Mafinga kwa mali kauli ikianza kuzungusha malipo, haichukui muda kabla mtu hajasema, "Tuipeleke mahakamani ifilisiwe." Njia hiyo ipo kwenye sheria na ina nguvu kweli. Ila wengi wanaielewa vibaya. Wanadhani ni namna kali zaidi ya kudai deni lao. Ukifungua ombi la kufilisi kampuni, hudai tena kwa ajili yako peke yako. Unaiomba Mahakama ikusanye kila kilichobaki cha kampuni, kiuzwe, na fedha zigawanywe kwa wadai wote kwa mpangilio uliowekwa na sheria. Benki itakuwepo. Mamlaka ya Mapato itakuwepo. Watakuwepo wafanyakazi, wenye malori, mwenye ghala, na muuza dizeli aliyekopesha tangu msimu uliopita. Baadhi yao sheria imewaweka mbele yako.

Kwa hiyo jambo la kujua mapema ni hili: hao wa mbele wakishachukua chao, kutabaki nini? Sehemu kubwa ya jibu inapatikana kabla hujafungua shauri lolote.

Unamdai nani hasa?

Maandishi ubavuni mwa lori hayakuambii unamdai nani. Wanunuzi wengi wa mazao wanaotumia neno "Enterprises" au "Traders" wamesajili jina la biashara tu. Jina la biashara si kampuni. Nyuma yake kuna mtu, na deni ni la mtu huyo mwenyewe: unamshtaki yeye, unakamata mali zake, na akishindwa kabisa kulipa anaguswa na Sheria ya Kufilisika, Sura ya 25. Ombi la kufilisi kampuni dhidi ya jina la biashara litatupwa siku ya kwanza.

AMCOS, yaani chama cha ushirika cha wakulima, nayo si kampuni. Vyama vya ushirika vinaongozwa na Sheria ya Vyama vya Ushirika ya mwaka 2013, na kuvivunja kunapitia kwa Mrajisi wa Vyama vya Ushirika. Mkulima wa kahawa wa Mbozi anayedai chama chake aanzie kwa ofisa ushirika wa wilaya, asipoteze nauli kwenda masjala ya Mahakama Kuu.

Benki pia zina njia yake. Tarehe 4 Januari 2018 Benki Kuu ilizifungia benki tano kwa upungufu wa mtaji, mojawapo ikiwa Njombe Community Bank, na Bodi ya Bima ya Amana ikateuliwa kuwa mfilisi, yaani msimamizi wa kukusanya mali na kuzigawa kwa wadai. Wakati huo bima ilimlipa mwenye amana hadi shilingi 1,500,000. Aliyekuwa na zaidi ya hapo ilibidi asubiri mali za benki ziuzwe. Hapakuwa na mwenye akaunti aliyehitaji kufungua ombi mahakamani.

Ikiwa unayemdai ni kampuni iliyosajiliwa, jina lake likiishia na "Limited", hapo ndipo inapoingia Sheria ya Makampuni ya 2002, Sura ya 212, iliyoanza kutumika tarehe 1 Machi 2006. Mahakama yenye mamlaka ni Mahakama Kuu. Mahakama ya Wilaya haiwezi kutoa amri ya kufilisi kampuni hata kama deni ni la milioni tatu. Huku kwetu maana yake ni masjala za Mahakama Kuu zilizopo Mbeya, Iringa, Songea na Sumbawanga.

Kupekua BRELA

Hatua hii ni ya gharama ndogo, na ndiyo inayorukwa zaidi. Kwenye mfumo wa usajili wa BRELA, yaani Wakala wa Usajili wa Biashara na Leseni, unaomba taarifa rasmi za kampuni kwa jina au namba ya usajili. Ukizipata, soma mambo manne.

Jina kamili, herufi kwa herufi. Kampuni mbili za ndugu wawili zinaweza kutofautiana kwa neno moja tu, na mzigo wako ukawa ulichukuliwa na ile isiyo na kitu.

Ofisi iliyosajiliwa. Hii ndiyo anwani inayohesabika kisheria. Ghala laweza kuwa Makambako na meneja akawa Njombe, lakini ofisi iliyosajiliwa ikawa chumba kwenye jengo la Dar es Salaam.

Wakurugenzi na wanahisa. Utajua nani ana mamlaka ya kusaini, na kama yule aliyekuwa akikupigia simu usiku anatambulika na kampuni au ni dalali tu.

Rehani. Mkopeshaji aliyeshikilia mali ya kampuni kama dhamana anatakiwa kuisajili rehani hiyo kwa Msajili wa Makampuni ndani ya siku 42 tangu ilipoundwa. Isiposajiliwa, haina nguvu dhidi ya mfilisi wala wadai wengine. Hapa utaona kama ghala, mashine za kuchambulia au hata mzigo uliomo ndani vimeshikwa na benki. Kuna rehani inayoshika kitu mahususi, kama kiwanja, na kuna inayoelea juu ya mali zote zinazoingia na kutoka: mzigo, madeni ambayo kampuni inawadai wateja, fedha. Ukikuta benki imeshika za aina zote mbili, na deni lake ni kubwa kuliko thamani ya mali, ombi la kufilisi litakupa amri bila fedha. Mahakama haikatai kutoa amri kwa sababu tu mali zote zimewekwa rehani, kwa hiyo usitegemee jaji akuonye. Hesabu hiyo ni yako.

Notisi ya siku 21

Kifungu cha 279 cha Sheria ya Makampuni kinataja sababu za Mahakama kuifilisi kampuni, na inayotumiwa sana na wadai ni kwamba kampuni imeshindwa kulipa madeni yake. Kifungu cha 280 kinaeleza jinsi ya kuthibitisha hilo. Unaweza kuonyesha kwamba uliacha notisi ya madai kwenye ofisi iliyosajiliwa na siku 21 zikapita bila kampuni kulipa wala kukubaliana nawe kuhusu dhamana au mpango wa kulipa. Unaweza kuonyesha kwamba ulishinda kesi, dalali wa mahakama akaenda kukamata mali, akarudi bila cha kutosha. Au unaleta ushahidi mwingine wa jumla kwamba kampuni haijiwezi, na hapo Mahakama inatazama hata madeni ambayo muda wake wa kulipwa haujafika.

Wengi hutumia notisi, na wengi huharibu hapo hapo.

Kosa la kwanza ni anwani. Notisi hupelekwa ghalani, au kwa WhatsApp, au hukabidhiwa kwa mlinzi wa getini. Sheria inazungumzia ofisi iliyosajiliwa. Kama ofisi hiyo iko Dar es Salaam, tuma mtu Dar es Salaam, agongewe mhuri na asainiwe nakala kwamba imepokelewa, na ajiandae kuapa kwamba aliifikisha mwenyewe. Wakikataa kuipokea, aiache pale na aandike papo hapo tarehe, saa, jengo, ghorofa na nani alikuwepo. Nakala ya WhatsApp tuma kama nyongeza, haina madhara.

Kosa la pili ni kiasi. Notisi inayosema "mnadaiwa milioni 18 na riba na usumbufu" inajitengenezea mabishano. Andika deni linalotokana na karatasi ulizonazo: namba ya ankara, tarehe, mzigo, kiasi, kilicholipwa, kinachobaki. Riba iweke tu kama mkataba uliitaja. Fidia ya usumbufu iache kabisa. Si deni mpaka mahakama iseme.

Kosa la tatu ni jina la mdai. Mzigo ulipelekwa na Mama Neema, ankara ikatolewa kwa jina la kampuni ya mwanawe, fedha za awali zikaingia kwenye simu ya mume. Notisi inatakiwa itoke kwa yule anayedai kisheria, na isainiwe naye au mtu aliyempa mamlaka kwa maandishi. Karatasi zikitaja majina matatu, malizeni nyumbani kwanza: andikeni hati ya kuhamisha deni kwa mmoja wenu na mwijulishe kampuni.

Kosa la nne ni kuhesabu siku. Siku ya kufikisha notisi haihesabiwi. Ombi lililofunguliwa siku ya 20 limewahi mno, na wakili wa kampuni hatazungumzia kitu kingine chochote. Subiri siku 21 ziishe zote, uongeze mbili tatu.

Nguvu kubwa ya njia hii iko ndani ya siku hizo 21. Kampuni yenye fedha lakini yenye tabia ya kuzungusha hulipa wakati huo, kwa sababu ombi likishatangazwa, benki huanza kushika akaunti zake na wauzaji wengine hukataa kuikopesha. Kampuni isiyolipa hata hapo mara nyingi haina fedha kweli, au ina hoja ya kubishia deni.

Deni linalobishiwa

Hapa ndipo maombi mengi yanapokufa, na biashara zetu za huku zimejaa mianya.

Mahakama haikubali ombi la kufilisi litumike kuamua kama deni lipo. Kampuni ikionyesha ubishi wa kweli wenye msingi, ombi hutupwa na unaambiwa ukafungue kesi ya kawaida ya madai, huku ukibeba gharama za mwenzako. Haitoshi kampuni kusema "hatudaiwi". Inatakiwa ionyeshe kitu. Sasa tazama mazao yetu. Viazi vya Isongole na Uyole vinauzwa kwa gunia la lumbesa, na lumbesa haina uzito mmoja. Ankara ya "magunia 140" bila kilo inampa mnunuzi nafasi ya kusema alilipia uzito aliopokea. Parachichi za Hass huchukuliwa shambani lakini bei hukamilika baada ya kuchambuliwa, na zilizokataliwa hazilipwi. Usipokuwa na karatasi ya matokeo ya uchambuzi, deni lako bado halina namba kamili. Mbao za Mafinga na Sao Hill hubishiwa kwa ubichi, kwa urefu usiotimia, au kwa kuchanganya vipimo ndani ya mzigo mmoja.

Kinachofunga ubishi ni maandishi ya kampuni yenyewe. Barua au ujumbe wenye maneno kama "tunakiri deni la shilingi 14,600,000, tutalipa mwisho wa mwezi" una thamani kuliko ankara kumi ulizoandika wewe. Hundi iliyodunda pia. Ujumbe wa simu na barua pepe vinakubalika kama ushahidi kwa Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015, ila uwe tayari kueleza ulivyotunzwa na kwenye simu gani. Usifute mazungumzo wala kuuza simu hiyo. Kukiri deni kwa maandishi kuna faida nyingine: ukomo wa miaka sita wa kudai deni la mkataba huanza kuhesabiwa upya tangu tarehe ya kukiri, mradi miaka hiyo haijaisha.

Ukiona ubishi unakuja, fungua kesi ya madai kwanza. Kwa hundi iliyodunda kuna utaratibu wa mkato chini ya Amri ya XXXV ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, ambapo mdaiwa haruhusiwi kujitetea mpaka aombe ruhusa na apewe. Ukishinda na dalali akarudi mikono mitupu, unaingia Mahakama Kuu ukiwa na hukumu mkononi, na ubishi juu ya deni umekwisha. Njia hii ni ndefu zaidi, lakini kwa mdai mwenye karatasi dhaifu naiona ndiyo salama.

Ombi lenyewe

Hapa tafuta wakili aliyewahi kufanya mashauri ya kampuni, kwa kuwa kanuni za ufilisi zina fomu zake na mahakama huzisimamia kwa ukali. Ombi linaeleza kampuni ilisajiliwa lini, ofisi yake, mtaji, shughuli zake, deni lilivyotokea, notisi ilivyofikishwa na kwamba siku 21 zimepita. Linaambatana na kiapo cha kuthibitisha. Linapelekwa kwenye mfumo wa mahakama wa kielektroniki, linafikishwa kwa kampuni, na linatangazwa kwenye Gazeti la Serikali na gazeti la kawaida ili wadai wengine wajue. Tangazo likikosea jina la kampuni au tarehe ya kusikilizwa, linarudiwa kwa gharama zako.

Zingatia jambo moja ambalo huwashtua wengi. Amri ikitolewa, ufilisi huhesabiwa kuwa ulianza siku ombi lilipofunguliwa, si siku ya amri. Mali yoyote ya kampuni iliyotolewa katikati ya siku hizo mbili, yakiwemo malipo kwa mdai, ni batili isipokuwa Mahakama iidhinishe. Kwa hiyo kampuni ikikufuata baada ya kufungua ombi na kukulipa chapuchapu ili unyamaze, fedha hizo zinaweza kudaiwa na mfilisi. Na ukijitoa, mdai mwingine anaweza kuomba kuingia nafasi yako na shauri likaendelea. Mapatano yoyote katika kipindi hicho yapitie mahakamani.

Amri ikishatoka, mamlaka ya wakurugenzi yanakoma na mfilisi anashika usukani. Anaweza kuwa mfilisi wa serikali kupitia RITA (Wakala wa Usajili, Ufilisi na Udhamini), au mtaalamu binafsi aliyeteuliwa, kwa kawaida wakili au mhasibu. Kesi dhidi ya kampuni husimama. Kufungua mpya au kuendeleza ya zamani kunahitaji ruhusa ya Mahakama. Mdai aliyekuwa amebakiza wiki moja apate hukumu yake mwenyewe anajikuta amerudishwa kwenye mfuko mmoja na wengine.

Hesabu ya mgawo

Tuchukue namba za mfano. Kampuni ina ghala la shilingi milioni 300 lililowekwa rehani kwa benki inayodai milioni 400. Nje ya rehani ina malori mawili ya milioni 90, na mashine na mzigo wa milioni 40. Inadaiwa mishahara milioni 20, kodi milioni 35, na wauzaji wote kwa pamoja milioni 200.

Benki inauza ghala na kuchukua milioni 300 zote. Milioni 100 zilizobaki inakuja kuzidai pamoja na nyinyi. Malori, mashine na mzigo vinaleta milioni 130. Gharama za ufilisi, tuseme milioni 25, hutoka kwanza, na humo zimo gharama za aliyefungua ombi. Zinabaki 105. Mishahara na kodi, kwa kipindi na kiwango kinachopewa kipaumbele na sheria, zinachukua 55. Zinabaki milioni 50 kwa madai ya milioni 300: wauzaji 200, benki 100. Kila shilingi sita inalipwa moja. Muuza mbao aliyedai milioni 12 anapata milioni mbili.

Badilisha kitu kimoja tu, benki iwe na rehani inayoelea iliyosajiliwa vizuri juu ya malori na mzigo, na milioni 50 zile zote zinakwenda benki. Muuza mbao hapati kitu. Hii ndiyo sababu ya kuing'ang'ania ile karatasi ya BRELA.

Kuna yanayoweza kuongeza mfuko. Mfilisi ana haki ya kufuatilia mali zilizohamishwa kwa ujanja kabla ya ufilisi: lori lililoandikwa kwa jina la shemeji, au mdai mmoja aliyelipwa chote kwa upendeleo kampuni ikiwa tayari imezama. Wakurugenzi walioendelea kuchukua mali kauli kwa nia ya kuwalaghai wadai wanaweza kuamriwa na Mahakama kulipa kutoka mifukoni mwao. Ukiwa na picha za lori, namba zake na tarehe ulizoliona likifanya kazi, mpe mfilisi. Yeye amekuta mafaili tu; nyinyi ndio mliokuwepo.

Na kama mkurugenzi alikusainia dhamana binafsi, dai lako dhidi yake halifi na kampuni. Unaweza kumshtaki yeye wakati ufilisi ukiendelea, ilimradi usilipwe zaidi ya deni lako.

Baada ya amri, mfilisi hutangaza tarehe ya mwisho ya kuthibitisha madeni. Hata aliyefungua ombi anatakiwa kuthibitisha lake. Unajaza fomu ya uthibitisho ukieleza kiasi kilichokuwa kikidaiwa, kilitokana na nini na kama una dhamana yoyote, na unaambatanisha ankara, hati za kupokelea mzigo, risiti za EFD na maandishi ya kukiri deni. Wauzaji wadogo wa kijiji kimoja wanaweza kusafiri na mwakilishi mmoja, lakini kila mmoja awe na fomu yake. Mfilisi akilikataa dai, anatoa sababu, na unaweza kwenda Mahakamani kupinga. Anayechelewa hapotezi haki yote. Ila hawezi kuvuruga mgawo uliokwisha kulipwa. Anasubiri unaofuata, kama upo.